Je, Hadithi Hutii Kanuni Kama Jiwe Linaloanguka?

Aristotle, mwanafalsafa wa Ugiriki ya kale, katika maandishi yake kuhusu utunzi wa tamthilia na tendi, anataja kisa ambacho hakizidi mistari michache. Katika mji wa Argos palikuwa na sanamu ya mtu aliyeitwa Mitys. Mitys alikuwa ameuawa, na siku moja sanamu hiyo ilimwangukia yule aliyemuua, alipokuwa akitazama, ikamuua naye. Aristotle anasema kwamba mambo ya namna hiyo hayaelekei kuwa yametokea kwa bahati tu, na ndiyo maana misuko iliyojengwa hivyo hupendeza zaidi.

Ukilitazama tukio hilo kwa makini, utaona kwamba mna kani mbili ndani yake. Ya kwanza ni mvutano wa dunia. Kitu kikishaachiliwa kianguke, mwendokasi wake huongezeka kwa karibu mita 9.8 kwa sekunde katika kila sekunde inayopita, awe aliye chini ni muuaji, mtoto mchanga au mbuzi aliyejilalia. Ya pili ni ile anayoihisi msikilizaji moyoni mwake: kwamba sanamu hiyo haikuwa na budi kumwangukia mtu huyo na si mwingine. Kani ya kwanza ina vipimo na milinganyo. Ya pili haina mizani ya kuipimia, ila ni vigumu kukisikia kisa hicho usiihisi ikikuvuta.

Tuite fizikia ya simulizi ile sayansi ya kubuni inayoichukua kani hiyo ya pili na kuuliza ingekuwaje kama nayo ingekuwa halisi kama ya kwanza. Katika hadithi za kifantasia wazo hili limezoeleka: ulimwengu ambamo hadithi yenyewe ni nguvu ya maumbile, ambamo mtoto wa tatu hufaulu kwa sababu ni wa tatu, na mlango uliokatazwa hufunguliwa hata kama kila aliye ndani ya nyumba ameapa kutoufungua. Kama wazo la kubuni, ni wazo zuri sana. Tatizo huanza linapochanganywa na mambo mengine mawili yanayofanana nalo, yaani matokeo ya utafiti halisi kuhusu masimulizi na ushauri ambao waandishi hupeana. Ndipo utakapomsikia mtu makini kabisa akisema kwamba wanasayansi wamethibitisha kuwa hadithi zote duniani ni sita, au kwamba zipo sheria za hadithi ambazo hazivunjiki. Nyuzi hizi tatu zinahitaji kufumuliwa, na kazi hiyo inaanzia kwenye maneno.

Kisa, msuko, na neno “sheria”

Kisa ni matukio yenyewe kwa mfuatano wa wakati: hili lilitokea, kisha lile. Msuko ni namna matukio hayo yalivyopangwa na kufungamanishwa, ili moja lionekane kuzaa jingine. Usimulizi ni tendo la kuyatoa hayo yote kwa hadhira, kwa mdomo au kwa maandishi. Kisa kimoja kinaweza kusukwa kwa njia nyingi, na ndiyo maana msimulizi anaweza kuanza na maziko ya mtu, kisha akarudi nyuma hadi utoto wake, bila kukibadilisha kisa hata kidogo.

Neno linalotusumbua zaidi ni “sheria”. Katika lugha yetu neno hili limebeba mizigo mitatu tofauti. Ipo sheria ya nchi, ambayo mtu anaweza kuivunja akaadhibiwa, au akaivunja asionekane. Ipo sheria ya mchezo, ambayo ni makubaliano tu: mchezaji wa mpira anayeudaka kwa mikono hapigwi na radi, anapulizwa filimbi. Na ipo sheria ya maumbile, ambayo haina askari wala mwamuzi kwa sababu haihitaji. Jiwe lililoachiwa hewani halishauriwi lianguke. Katika makala hii nitaiita hiyo ya tatu “kanuni”, na ile ya pili nitaiita “kaida”. Tofauti hiyo ndogo ya maneno ndiyo ufunguo wa jambo zima, maana fizikia ya simulizi imejengwa juu ya dhana moja tu: tuseme kaida za hadithi ni kanuni.

Kanuni za kubuni, na watu halisi waliozikaribia

Tuanze na lililo jepesi. Mwaka 1687 Isaac Newton alichapisha kanuni zake tatu za mwendo, na ya kwanza husema kwamba kitu kilichotulia hubaki kimetulia, na kinachokwenda huendelea kwenda katika mstari ulionyooka kwa mwendo uleule, mpaka kani ya nje ikibadilishe. Sasa tazama sentensi hii: “Hapo zamani za kale palikuwa na mzee mmoja aliyeishi na binti yake kando ya mto.” Hiyo bado si hadithi. Mzee na binti yake wangeweza kuishi hapo miaka mia, nasi tusiwe na la kusimulia. Inahitajika kani kutoka nje, iwe ni mgeni anayebisha hodi, mto unaofurika, au barua isiyo na jina la aliyeituma. Mwanafizikia wa simulizi angesema kwamba wahusika nao wana inesha, yaani ile tabia ya kubaki kama walivyo mpaka wasukumwe.

Kanuni ya tatu ya Newton, ile isemayo kwamba kila kani hujibiwa na kani iliyo sawa nayo kuelekea upande ulio kinyume, ina mfano wake ulio wazi zaidi. Mwaka 1928 Mrusi Vladimir Propp alichapisha uchunguzi wake wa ngano 100 za Kirusi za maajabu. Aliacha kuuliza ngano hizo zinamhusu nani, akauliza kinachotendeka ni nini, akapata matendo 31 ambayo huja kwa utaratibu uleule, ingawa si lazima ngano moja iwe nayo yote. Miongoni mwa ya mwanzo kuna mawili yanayokwenda sanjari kama nyayo za mguu wa kulia na wa kushoto: katazo, na uvunjaji wa katazo. Mama anamwambia mtoto asitoke uani, na mtoto anatoka. Mume anasema chumba kile kisifunguliwe, na kinafunguliwa. Wewe mwenyewe jaribu kusimulia ngano ambamo mfalme anamkabidhi binti yake funguo saba na kumkataza kuutumia ufunguo wa saba, naye binti anatii, anazeeka, na mambo yanaishia hapo. Msikilizaji atadhani umesahau. Katazo katika ngano ni sawa na upinde uliovutwa, na mshale usipotoka kila mtu huendelea kuushangaa mkono uliobaki hewani.

Kabla ya Propp, mwaka 1908, Mdenmark Axel Olrik alikuwa amekwisha kuandika waziwazi juu ya kanuni za masimulizi ya jadi. Alisema kwamba masimulizi hayo hayaanzi kwa kishindo wala hayakatiki ghafla, kwamba katika tukio moja huonekana kwa kawaida wahusika wawili tu kwa wakati mmoja, na kwamba mambo hupenda kutokea mara tatu. Linalonivutia zaidi katika kazi yake ni kwamba alitumia neno “uzito”. Wahusika wakipangwa katika safu, alisema, kuna uzito wa mbele, ambao humwendea mwenye cheo kikubwa, na uzito wa nyuma, ambao humwendea wa mwisho, nao huo wa nyuma ndio unaovuta huruma ya msikilizaji. Ndugu watatu wanatoka kwenda kutafuta dawa ya baba yao; wa kwanza anashindwa, wa pili anashindwa, na hata kabla ya yule mdogo kufunga mzigo wake, moyo wako umekwisha kumwegemea. Olrik hakuwa mwanafizikia. Ila alipotafuta neno la kulieleza jambo hilo, lililomjia lilikuwa neno la mizani.

Kuna pia mvutano wa kitu kilichoonyeshwa. Mwandishi na daktari wa Kirusi Anton Chekhov, katika barua ya mwaka 1889, alishauri kwamba bunduki iliyojaa risasi isiwekwe jukwaani ikiwa hakuna anayekusudia kuifyatua. Watu huuchukua ushauri huu kama amri kuhusu silaha, na kumbe unahusu ahadi. Chochote ambacho msimulizi anakikazia macho kinapata tungamo, na kadiri anavyozidi kukikazia ndivyo mwisho wa hadithi unavyozidi kuvutwa kukielekea. Sentensi moja kuhusu kisu kilicho mezani ni kama kokoto. Aya nzima kuhusu makali yake, mpini wake uliopasuka na aliyekinoa jana usiku ni kama sayari, na wahusika wote wameanza kuizunguka.

Kuhusu mwendokasi nitasema machache. Mfaransa Gérard Genette, mwaka 1972, alionyesha kwamba mwendo wa usimulizi unaweza kuelezwa kwa kulinganisha muda wa kisa, yaani saa, siku na miaka, na urefu wa maandishi, yaani mistari na kurasa. “Miaka kumi ikapita” ni muongo mzima katika maneno matatu, na kikombe kinachoteleza mkononi kinaweza kuchukua kurasa mbili kabla hakijafika sakafuni. Hiki labda ndicho kipimo pekee katika orodha hii ambacho mtu anaweza kukichukua kwa rula.

Mlinganisho mmoja ambao wengi huupenda hauendi sawa, nao ni ule wa entropi. Katika fizikia, mfumo uliofungwa ukiachwa peke yake huelekea kwenye vurugu zaidi: moshi husambaa chumbani na haurudi kwenye sigara. Kwa hiyo watu husema kwamba hadithi ikirudiwarudiwa nayo huvurugika vivyo hivyo. Mwanasaikolojia wa Uingereza Frederic Bartlett alilichunguza jambo hili na kuchapisha matokeo yake mwaka 1932. Aliwapa wasomaji wa Kiingereza simulizi ya wenyeji wa Marekani Kaskazini, yenye mizimu na mambo ambayo kwao hayakuwa na kichwa wala miguu, kisha akawataka waisimulie upya baada ya muda, au waipokezane mtu hadi mtu. Simulizi ilifupika na mengi yakapotea, kama nadharia ya entropi ingetazamia. Ila kilichobaki hakikuwa vurugu. Mtumbwi uligeuka mashua ya kawaida, uwindaji wa sili ukawa uvuvi wa samaki, mizimu ikafifia au ikatoweka kabisa, na matukio yaliyokuwa hayana sababu yakapewa sababu. Simulizi ilizidi kunyooka na kufanana na zile ambazo wasomaji wale walikuwa wamezizoea tangu utoto. Mfano ufaao hapa si wa moshi, ni wa jiwe lenye pembe linalosukumwa na maji ya mto mpaka likawa kokoto laini kama kokoto nyingine zote. Na katika mfano huo, maji ni akili ya msikilizaji.

Kani hiyo inakaa wapi?

Mwaka 1944 wanasaikolojia Fritz Heider na Marianne Simmel, waliokuwa wakifanya kazi katika Chuo cha Smith nchini Marekani, walitengeneza filamu fupi ya katuni isiyo na mtu wala mnyama. Ndani yake mna pembetatu kubwa, pembetatu ndogo, duara dogo, na mstatili wenye upande mmoja unaofunguka na kufungika kama mlango. Maumbo hayo yanakwenda huku na huku, yanagusana, yanaingia ndani ya mstatili na kutoka. Basi. Hakuna sauti, hakuna uso, hakuna jicho. Walipowaomba watazamaji waandike walichokiona, karibu wote waliandika hadithi: pembetatu kubwa ni mkorofi anayewaonea wenzake, pembetatu ndogo inajitetea, duara linaogopa na kujificha ndani ya nyumba, kisha wale wawili wadogo wanatoroka pamoja na yule mkubwa anabaki akivunja kuta kwa hasira.

Mimi naiona filamu hiyo kuwa jibu la swali letu. Katika maumbo yale hamkuwa na woga wala hasira. Mlikuwa na mwendo peke yake, na mwendo huo ungeweza kuandikwa wote kwa namba bila kubakiza chochote. Hadithi ilitoka kwa mtazamaji, na ilitoka kwa wepesi kiasi kwamba hakujua kuwa yeye ndiye aliyeitoa. Hapo ndipo ilipo kani ya pili tuliyoianza nayo. Haimo ndani ya sanamu ya Mitys, wala ndani ya maneno yanayoisimulia. Imo ndani ya kiumbe ambaye akiona vitu viwili vikifuatana hawezi kujizuia kuuliza kwa nini.

Ndiyo sababu kaida za hadithi hubadilika kutoka jamii hadi jamii, jambo ambalo kanuni za maumbile hazifanyi. Ile idadi ya tatu, ambayo Olrik aliikuta kila mahali katika masimulizi ya Ulaya, si idadi inayotawala kila mahali duniani. Kwa jamii nyingi za wenyeji wa Marekani Kaskazini, Wanavajo wakiwamo, idadi inayobeba utaratibu wa masimulizi ni nne, na msikilizaji aliyelelewa huko haoni jambo limekamilika likitokea mara tatu. Mvutano wa dunia haugeuki kuwa kitu kingine kwa sababu umevuka bahari.

Hata adhabu ya kuvunja ni tofauti. Msimulizi anaweza kuiacha bunduki bila kufyatuliwa, na binti anaweza kuuacha mlango wa saba umefungwa. Hakuna kitakacholipuka. Kitakachotokea ni kwamba hadhira itahisi upungufu, na fanani hodari anaweza kuutumia upungufu huo kwa makusudi, kama mpiga ngoma anayeruka pigo moja ili kila mchezaji alisikie kwa kukosekana kwake. Kanuni ya maumbile haimpi mtu nafasi hiyo.

Kuhusu “hadithi sita”, na mengine

Habari ya hadithi sita ina chanzo cha kweli. Mwaka 2016 kundi la watafiti, wengi wao wa Chuo Kikuu cha Vermont nchini Marekani, walichapisha uchambuzi wa kompyuta wa hadithi za kubuni zaidi ya 1,300 za Kiingereza. Walichopima ni maneno. Kila neno lilikuwa na alama ya furaha au huzuni, kompyuta ikapita katika kila kitabu kutoka mwanzo hadi mwisho ikichora jinsi wastani wa alama hizo unavyopanda na kushuka. Michoro mingi ilikaribia mojawapo ya maumbo sita: kupanda, kushuka, kushuka kisha kupanda, kupanda kisha kushuka, kupanda-kushuka-kupanda, na kushuka-kupanda-kushuka.

Ni kazi ya maana, na haisemi kwamba hadithi ni sita. Mtu akikuambia kwamba njia zote za mlimani ama hupanda, ama hushuka, ama huchanganya, amesema kweli, na bado hujui njia ipi ina chui. Hadithi ya yatima aliyepata nduguze na hadithi ya mfanyabiashara aliyelipa madeni yake zinaweza kuwa na mchoro uleule, zisikutane popote pengine. Tena mchoro hauoni kejeli, wala mtu anayetabasamu msibani.

Wapo pia wanaoogopa kwamba kuzijua kaida hizi huua ubunifu. Hofu hiyo sioni msingi wake. Mcheza sarakasi anaujua mvutano wa dunia kuliko sisi wengine wote, na ni ujuzi huo unaomrusha.

Dhana potofu ninayoiona kuwa nzito zaidi ni ile ambayo watu wachache huitamka, ingawa wengi wanaiishi: kwamba matukio ya kweli nayo hufuata kani ya hadithi. Aristotle huyohuyo aliwashauri watunzi wachague lisilowezekana lakini linaaminika kuliko linalowezekana lakini haliaminiki. Kwa mtunzi ushauri huo ni dhahabu. Kwa hakimu, daktari au msomaji wa habari ni mtego, kwa sababu kinachoaminika na kilichotokea ni vitu viwili.

Wanasaikolojia Amos Tversky na Daniel Kahneman waliuonyesha mtego huo katika makala yao ya mwaka 1983. Waliwauliza wataalamu wa kutabiri mambo yajayo swali kuhusu siasa za wakati ule. Kundi moja liliombwa likadirie uwezekano wa uhusiano wa kibalozi kati ya Marekani na Muungano wa Kisovieti kuvunjika. Kundi la pili liliombwa likadirie uwezekano wa Wasovieti kuivamia Poland na uhusiano huo kuvunjika. Jambo la pili limo ndani ya la kwanza: kila mara uvamizi na kuvunjika vinapotokea pamoja, kuvunjika kumetokea, kwa hiyo la pili haliwezi kuwa na uwezekano mkubwa zaidi. Hata hivyo, kundi la pili lilitoa makadirio ya juu zaidi. Kuvunjika peke yake kulikuwa kisa kisicho na msuko. Uvamizi ulikileta kisababishi, na kwa kisababishi hicho hadithi ikapata uzito, nao wataalamu wakaupima uzito huo wakidhani wanapima uwezekano.

Kosa hilohilo hutokea kila tunaposikia kwamba fulani ameanguka katika biashara na kukumbuka kwamba aliwahi kumdhulumu nduguye, au tunaposadiki ushahidi kwa sababu umenyooka. Katika ulimwengu wa fizikia ya simulizi, mpelelezi aliyefika Argos angeuliza swali moja tu, ni nani aliyemuua Mitys, na jibu lingeeleza kwa nini sanamu ilianguka. Katika ulimwengu wetu inambidi apige magoti chini ya kiguzo, aondoe vumbi kwa vidole, atafute ufa, na aulize ni watu wangapi waliopita hapo siku ile bila kuangukiwa.